Vipande Vitano vya Sanda

Mwavita alifariki alfajiri, na kabla ya adhuhuri nyumba yake mtaani Buyenzi ilikuwa tayari ina ugomvi. Mawazo, fundi cherehani aliyekimbia vita kutoka Uvira, alikaa barazani na jora la sanda mapajani, mkasi mkononi, akingoja wakubwa wakubaliane. Mwanaume hukatiwa vipande vitatu, mwanamke vitano. Hilo hata watoto wa mtaa wanalijua.

Massoudi, ndugu wa marehemu aliyetoka Rumonge kumzika, alisema vitatu. Mama yao alizaa wavulana wawili, basi wanaume ndio watakaoosha. Hakupaza sauti, na hilo ndilo lililomtisha Mawazo. Yeye pia, kama Mwavita, alizaliwa akaitwa mvulana. Mwavita ndiye wa kwanza kumwita binti yangu, humu humu uani, ambamo hata vijana wa kiume waliopendana wao kwa wao walipata chai bila kuulizwa neno. Kama Mwavita angegeuzwa mwanaume siku yake ya mwisho, Mawazo angetumaini nini?

Ndipo akatoka Bibi Zaituni, mwosha maiti wa wanawake, mikono ya gauni imekunjwa hadi viwikoni. Hana haraka mwanamke yule. Hata risasi za vita kule Kamenge hazijawahi kumkimbiza.

"Massoudi, mama yenu alikufa siku za ville morte, mji umesimama, barabara zimefungwa, we hukuweza kufika. Unajua nani alimuosha?"

Massoudi akasema ni wanawake wa mtaa.

"Ni mi na Mwavita. Mama yenu mwenyewe aliomba, mutoto wangu mwanamuke anioshe. Sasa sema. Mama yako alioshwa na mwanaume, ao na binti yake?"

Mawazo akainua macho kutoka kwenye jora. Kumbe mama yake Mwavita alijua! Kumbe wanawake wa mtaa walijua miaka yote, wakala naye, wakazika naye, wala hawakuona ajabu. Ajabu aliiona yeye, na ilimjaa kifuani.

"Kata tano," Massoudi akasema, macho chini.

Mawazo akakata vitano. Akamkabidhi Bibi Zaituni sanda, kisha akageuka kwenda kukaa na wanaume, kama alivyozoea misibani.

"We unaenda wapi?" Bibi Zaituni akamuuliza. "Binti ndiye anamwaga maji. Ingia, maji inapoa."

Massoudi, aliyekuwa amesimama mlangoni, akasogea kumpisha.