Ndara Nyekundu

Kwetu mgeni akiingia anavua viatu, anapewa ndara. Asipopewa, ajue bado yuko nje, hata kama amesimama ukumbini. Mama mmoja, Bohdana, alisimama ukumbini petu mara tatu vuli ile, na babu yangu Vendelín hakulifungua sanduku la ndara.

Bohdana ni mtengenezaji wa filamu. Maisha yake yote amefukua mambo ambayo watu hawapendi yatajwe mezani: kambi, wapelelezi wa chama cha kikomunisti, jirani aliyemchongea jirani.

"Huyo ukimwalika harusini ataulizia talaka," babu alisema.

Sasa alitaka habari za baada ya Vita vya Pili vya Dunia, Wajerumani waliokuwa wakiishi kijijini kwetu walipofukuzwa nchini na sisi tukapewa nyumba zao. Walioshuhudia wamekwisha, kabaki babu tu.

"Mzee Vendelín, hii ndiyo filamu yangu ya mwisho. Bila wewe haipo."

"Nilikuwa mtoto, mama. Nakumbuka mbuzi tu."

"Basi nisimulie huyo mbuzi."

"Alikufa."

Siku ya kuwakumbuka marehemu tulikwenda makaburini na mishumaa. Bohdana alikuwepo, kamera begani. Babu aliwasha kwa bibi, akawasha kwa wazazi wake, akabaki na mmoja.

"Tangulia, mkojo umenibana," akaniambia.

Mkojo huo humbana kila mwaka, siku hiyohiyo, kona ileile, penye kaburi la Kijerumani lisilo na mwenyewe. Nami kila mwaka hujifanya mjinga. Kipaji ninacho.

Safari hii upepo ulimzimia kiberiti mara kwa mara. Bohdana alimwona. Aliinua kamera, akaitazama, akaishusha. Kisha akaenda, akavua kofia na kumkingia upepo mpaka mshumaa ukashika.

"Mbona hukupiga picha?" babu akauliza. "Si ndicho ulichokifuata?"

"Ndicho. Lakini hujanipa."

Tulirudi nyumbani watatu. Ukumbini babu aliinama, magoti yakilia, akafungua sanduku na kutoa ndara nyekundu za marehemu bibi.

"Vaa, mama. Sakafu hii ya Wajerumani ina baridi."

Akaketi jikoni, akaiangalia kamera, akaitikia kwa kichwa. Bohdana akaiwasha.

"Mbuzi alikuwa wa Trudi, msichana wa nyumba hii," babu akaanza. "Asubuhi ile wanaondolewa alinipa kamba yake. Akaniambia nimkamue vizuri mpaka atakaporudi."