Theluji ya Ottilie

"Nionyeshe kwetu," Ottilie alisema tena, na safari hii Anselm Reuschel hakujifanya hajasikia.

Alikuwa amepiga magoti kando ya kitanda, akimlowesha mkewe midomo kwa kitambaa. Nje, upepo wa kaskazini ulipeperusha vumbi jekundu juu ya mapaa ya Adelaide, Australia, na joto lilikuwa limeingia hadi ndani ya godoro. Daktari alikwisha kuondoka. Alitikisa kichwa tu pale mlangoni, akavaa kofia yake.

"Kwetu gani, Tilli?"

"Kijijini, Saksonia. Theluji. Kwani wewe si mchoraji?"

Mama Zwar, jirani yao, aliyekuwa akimpepea mgonjwa kwa gazeti, alicheka kidogo huku macho yamemlowa. "Umebanwa, mwalimu. Watoto wa Waingereza unawachoresha kutwa, mkeo anaomba theluji tu."

Ilikuwa Jumapili, maduka yamefungwa. Turubai pekee la kuchorea nyumbani lilikuwa lile kubwa kwenye chumba cha kazi: picha ya mikalitusi ya bondeni, kazi ya misimu miwili. Kesho yake kamati ya shule ingekuja kuitazama. Mwenyekiti, Bwana Trewin, aliwahi kuicheka picha yake nyingine mbele ya wanafunzi. "Reuschel, rafiki yangu, mikalitusi yako imevaa koti la Kijerumani! Tuonyeshe kwamba unaijua nchi hii, la sivyo tutaagiza mwalimu kutoka London." Basi Anselm akawa anakwenda bondeni kila alipopata nafasi, mpaka yale magome meupe yanayobanduka, na majani yanayoning'inia bila kutoa kivuli cha maana, yakamkaa mkononi. Safari hii alikuwa ameipatia. Alijua.

Aliliburuta turubai hadi chumbani kwa mgonjwa.

"Usifanye hivyo, Anselm," Mama Zwar alinong'ona. "Wakikufukuza utakula nini?"

"Nitakula na nani?"

Akakamua rangi nyeupe yote iliyobaki, akaanzia juu. Mti wa kwanza ukazama. Wa pili. Kisha bonde lote. Akaweka nyumba ya baba mkwe wake kule Ujerumani, paa lenye mteremko mkali, mlango mzito wa mbao, njia ya kwenda kanisani. Alipaka kama mtu anayezima moto, jasho likimdondokea kwenye ubao wa rangi.

Akarudi nyuma kutazama.

Paa lilikuwa sawa. Mlango ulikuwa sawa. Ila mwanga ulikuwa wa huku, mkali na mkavu, na vivuli vilikuwa vifupi, vya zambarau, vya saa sita mchana. Theluji ilikuwa kama chumvi iliyomwagwa jangwani. Alichanganya kijivu, akakipaka, akakifuta. Akachanganya kingine. Asubuhi za baridi kule zilikuwa na rangi gani? Alifumba macho azitafute, akaona mikalitusi. Picha ya huku alikwisha kuiua kwa mkono wake mwenyewe, na ya kule hakuwa nayo tena.

"Nisamehe, Tilli. Sikumbuki. Hapa si kwetu."

Ottilie aliitazama picha kwa muda mrefu. Kifua chake kilikoroma.

"Vivuli vibaya," alisema. "Umelipua." Kisha akajaribu kuinua kichwa. "Lakini mbona baba amesimama nje? Kwa nini hajafunguliwa?"

Mama Zwar aliacha kupepea. Alitazama turubai, akamtazama Anselm. Mbele ya ule mlango wa mbao hapakuwa na mtu.

"Yuko wapi, mpenzi?" Anselm aliuliza.

"Wewe nawe! Anaganda yule. Nenda, Anselm, nenda kamfungulie."

Akaweka brashi chini. Alipita ukumbini, mikono myeupe hadi viwikoni, akaufungua mlango wa mbele wazi kabisa. Upepo wa moto ukampiga usoni, ukapita ndani na vumbi lake. Barabara ilikuwa tupu. Anselm alijibanza ukutani kama anayempisha mtu, akaushikilia mlango kwa mikono miwili, usijifunge.