Pembe Isiyolimwa

Kwao Ireland, shamba la baba yake Sean lilikuwa na pembe moja isiyoguswa na jembe. Kwa nini? Hakuna aliyesema. Ukiuliza, watu huhamia kwenye habari za mvua. Sean hakuwa mtu wa kuambiwa ndivyo ilivyo. Kiangazi kilichopita aliingiza trekta, akayang'oa mawe ya pale na kuyarundika langoni. Baba yake alimtazama mwanzo mpaka mwisho, kisha akaingia ndani na kufunga mlango.

Sasa Sean alipanga chumba cha chini kwa Mama Esmeralda, Mgoa wa Tanga, huku Mount Dennis, ng'ambo ya bahari. Kila asubuhi akitoka zamu ya usiku ya ghalani, mtaa wa Malton, akijilaza tu, alisikia kichanga kikilia nyuma ya ukuta.

“Mabomba hayo,” Mama Esmeralda alimwambia asubuhi moja, akimmiminia chai. “Au njaa. Mwanamume mzima unakula mkate mkavu kama padri wa Kwaresima.”

Mezani palikuwa na mkataba. Kampuni ya umeme wa upepo ilitaka barabara ipite kwenye ile pembe, na jibu lilitakiwa siku hiyo hiyo. Shamba lilikwishaandikwa jina la Sean. Ilibaki sahihi yake. Akampigia baba yake, sauti ikasikika chumba kizima.

“Natia sahihi leo, Baba. Una neno?”

“Neno gani? Shamba lako.”

“Pale pembeni pana nini?”

Kwenye simu ukasikika mlango ukifungwa.

“Pacha wangu.”

Mama Esmeralda aliweka birika chini, akafanya ishara ya msalaba. Mzee akaeleza polepole. Watoto waliokufa bila ubatizo walinyimwa makaburi ya kanisa. Baba zao waliwabeba wenyewe, wakawazika pale, wakaweka jiwe, wala hawakuwataja tena.

“Uliniona nikiyang'oa. Mbona hukusema?”

“Hatukufundishwa kusema.”

“Alikuwa nani?”

“Msichana. Alinitangulia kuzaliwa.”

“Basi shangazi yangu ndiye mkubwa, na hakuna aliyemwuliza kuhusu ardhi hii.” Sean aliuchana mkataba vipande viwili. “Nakuja kuyarudisha mawe.”

“Mawe yapo kumi na tisa,” mzee akasema. “La kwake ni lipi?”

Sean alivikusanya vile vipande vya mkataba. Mama Esmeralda alimtazama, akingoja naye.

“Umeyachanganya, mwanangu,” mzee akasema, na bado hakukata simu.