Sentimita Arobaini

Asubuhi ya mkutano nilikuwa sikai, sisimami. Nilifagia ua mara mbili, nikakunja nguo zilizokwisha kunjwa, na kila nilipopita mezani niliona daftari lile. Kaka alikuwa anakunywa chai kwa raha zake.

"Leo ndiyo leo, dada," akasema. "Mali bila daftari hupotea bila habari. Sisi daftari tunalo."

Tulikuwa nalo kweli. Kwa miaka kumi na moja nilisoma kina cha mto wetu kila asubuhi na kukiandika, kibarua cha idara ya maji. Sasa jiji lilikuwa limefungua bomba lake huko juu, mto ukabaki mchanga, na vitunguu vya kaka vikakauka vikiwa na ukubwa wa gololi. Kijiji kizima kilitegemea mwandiko wangu umshinde mhandisi wa jiji, ili bomba lifungwe kila kiangazi.

Hawakujua nilichokijua. Kipimo kilichosimikwa mtoni kinaanzia sentimita arobaini, hakina alama ya chini ya hapo. Kila kiangazi maji yalishuka chini ya hapo, na msimamizi wangu alikuwa amenionya nisiache nafasi wazi hata siku moja. Basi nikaandika arobaini. Maji yakiishia kwenye kifundo cha mguu, arobaini. Nilijiona mtiifu, mjinga mimi.

Tulikutana darasani, watu wazima tumejibana kwenye madawati ya watoto. Mhandisi alikuja na nakala yake ya daftari, akaisoma kwa upole, kiangazi baada ya kiangazi.

"Mto haujawahi kushuka chini ya arobaini," akasema. "Bomba tulilipimia hapo. Tunachukua nusu, ninyi mnabakiwa na nusu. Kama umekauka, tatizo si bomba."

"Huyu anaota," kaka akaninong'oneza. "Mwambie, dada."

Nikasimama, nikasema yote: kipimo, onyo la msimamizi, arobaini za uongo. Nilidhani nimetua mzigo.

Mhandisi akavua miwani. "Kwa hiyo mama, miaka kumi na moja umekuwa ukituandikia usichokiona. Leo unasema maji hayakuwepo. Tuamini lipi?"

Nikamgeukia kaka anisaidie. Naye alikuwa ananitazama, akisubiri jibu.