Mkono Ukutani

"Ukipaka hapo, unipake na mimi," Mama Kuta alimwambia mpiga rangi, kisha akaegemeza mgongo ukutani na kutanua mikono.

Mpiga rangi akashusha brashi. Miaka kumi na tisa yeye na Mama Kuta walikuwa wakijenga na kubomoa nyumba za filamu za watu wengine, na alijua huyu dada akishakaza uzi hakuna wa kuulegeza.

Hii ndiyo filamu ya kwanza ya Mama Kuta akiwa msanifu mkuu wa mandhari. Jiko hili la mjane alilibuni yeye, kuanzia sufuria iliyobonyea hadi ukuta alioupaka majani ya chai na masizi mpaka ukazeeka. Kando ya mlango aliweka doa la mafuta, pale mtu anapojishikiza kwa mkono akitoka kila siku kwa miaka thelathini. Mwongozaji alitaka ukuta mweupe, ung'ae kwenye kamera. Alikuwa amemwambia waziwazi: usipopakwa kabla ya saa sita, jina lake linafutwa kwenye filamu na kazi anapewa mwingine.

Mwongozaji akaingia na mwigizaji mkuu, mwanamke mfupi aliyekwisha kuvaa gauni lililochujuka la mjane. Akamwambia ajaribu kutoka mlangoni. Mwigizaji akatembea, akajishikiza ukutani, na kiganja chake kikatua shibiri nzima chini ya doa.

Mwongozaji akacheka. "Umeona, mama? Hata uchafu wako haumfai."

Kweli tupu. Doa lile Mama Kuta alilipima kwa mkono wake mwenyewe, naye ni mrefu kuliko wanaume wengi pale. Kosa la mtu aliyeanza kazi jana. Aibu ilimpanda hadi masikioni, na nyuma yake ikaja hasira.

"Hilo si la mjane," akasema. "Ni la marehemu mumewe. Alikuwa mrefu. Haya, mwambie mjane wako alifute."

Uongo mtupu, aliutunga hapo hapo. Lakini mwigizaji alikuwa ameshageuka. Akasimama kwa ncha za vidole, akanyoosha mkono, akaweka kiganja juu ya doa na kukiacha hapo. Macho yalimlowa bila kuambiwa na mtu. Mpiga kamera akauliza kwa sauti ya chini kama awashe.

Mwongozaji alitazama saa yake, akatazama ukuta, akatazama saa tena.

Mama Kuta hakumngoja. Alichovya kiganja kwenye kopo la mafuta na masizi, akakunja magoti hadi akawa na kimo cha mwigizaji, akaanza kuubonyeza ukuta chini ya doa la yule mume ambaye hakuwahi kuwepo. Mara moja, mara ya pili, mara ya kumi, mgongo kampa mwongozaji.