Machozi ya Fundi wa Mageti

"Usinifanye mjinga, Dada. Nimeona kwa macho yangu, yule mwanamke analia!"

"Umeona bila sauti," nikamwambia. "Na toa viatu vyako kwenye kitanda cha wanangu."

Mdogo wangu akashusha miguu. Watoto wakiwa shule, chumba chao ndicho ofisi yangu: kompyuta juu ya meza yao, godoro limesimamishwa mlangoni kuzuia redio ya jirani. Humo nimehariri filamu ya fundi mwanamke anayechomea mageti. Kamera nimeshika mwenyewe, sauti nimerekodi mwenyewe. Yeye kazi yake ni kunitafutia pa kuionyesha. Juzi, mimi nikiwa jikoni, alitazama picha ambazo sijazikata bado, spika zimezimwa, akamwona fundi anafuta macho. Mbio mpaka kituo cha televisheni, akamwahidi mkuu wa vipindi machozi.

"Mkuu anayataka pale fundi anaposimulia alivyoachwa na mumewe," alisema. "Unahamisha kipande kimoja tu, Jumapili tunaonekana nchi nzima. Kesho tunasaini."

"Sikiliza kwanza."

Nikawasha spika. Fundi alikuwa anachomea geti kuukuu. Rangi ya zamani ikaungua, moshi ukampanda usoni. Akavua miwani, akafuta macho. "Hili limepakwa rangi au sumu?" akafoka. "Mwenye geti aje na macho mengine, haya kayamaliza!" Akacheka mpaka akashika ukuta.

Mdogo wangu naye kicheko kikamtoka, akakimeza haraka. "Sawa, ni moshi. Nani atajua?"

"Yeye."

"Mtu mmoja!"

"Mimi wa pili. Na wewe sasa wa tatu, pole sana."

"Dada, miaka yote unapiga picha za harusi, unahariri keki na mashangazi wanaocheza. Umepanda juu ya meza za watu na kamera, tumbo la mimba hili hapa. Leo mlango umefunguka, unaupiga teke?"

"Na katika harusi zote hizo sijamwekea bibi harusi machozi ya moshi."

"Kwani mumewe hakumwacha? Hakuumia?"

"Aliumia. Ila alinisimulia huku anapiga chuma msasa, jicho kavu. Hivyo ndivyo nilivyompiga picha, na hivyo ndivyo atakavyobaki."

"Mpigie basi. Wewe si msemaji wake."

Hapo alisema kweli. Nikampigia, simu nikaiweka wazi wote tusikie, nikamweleza bila kupamba. Fundi alisikiliza mpaka mwisho. Nyuma yake nyundo ilikuwa inagonga.

"Nilie? Kwa ajili ya yule? Siku anaondoka sikulia mbele ya mama mkwe, nije nilie mbele ya nchi nzima? Halafu nani ataniletea geti lake, mimi wa kulialia? Huyo anayetaka machozi yuko hapo?"

"Yuko. Ni mdogo wangu."

"Mdogo wetu, njoo karakana nikushikishe chuma cha moto. Utayapata ya kutosha."

"Shikamoo, Mama," akajibu kwa sauti ndogo.

"Marahaba. Usinipake mafuta kwa mgongo wa chupa."

Filamu nilikuwa nimekwisha kuipandisha mtandaoni, lakini nimeifunga asiione mtu. Nikaufungua ule ukurasa. Mdogo wangu akaona, akaruka kutoka kitandani.

"Dada, ukiifungua leo kituo hakitaigusa tena! Wanataka wawe wa kwanza!"

"Najua. Na ikishaonekana nzima, hakuna atakayeyaiba yale machozi ayapeleke kwingine." Nikainamia simu. "Fundi, nikiifungua sasa hivi, televisheni ndiyo basi tena. Si mimi tu, hata wewe hutaonekana huko. Unasemaje?"

"Humo nacheka?"

"Unacheka."

"Na kelele zangu za sumu umeziacha?"

"Zote."

"Unangoja nini?"

Mdogo wangu akafunika kipanya kwa kiganja. "Fikiri kwanza. Nitamwambia nini mkuu?"

"Mwambie awashe sauti."

Nikauondoa mkono wake, kidole kimoja kimoja kama nilivyomfanyia alipokuwa mtoto wa kung'ang'ania vitu, nikabonyeza. Ukurasa ukazunguka kidogo, kisha ukaandika kwamba filamu iko wazi kwa kila mtu.