Sentimita Mbili kwa Kila Siku Tupu

Saa mbili kasorobo asubuhi, Bi Santuri aliandika jina lake kwenye kitabu cha wageni, kwenye geti la chuo kikuu. Kwenye safu ya "sababu ya kuja" aliandika: kazi.

Kwa miaka kumi na tisa alikuwa akiendesha mitambo ya redio ya chuo, ile inayopiga muziki wa okestra kutwa nzima. Mkataba wake ulikuwa wa miezi mitatu. Ukiisha, inaachwa siku moja tupu, kisha anasaini mwingine, eti ndiyo kwanza anaajiriwa. Siku hiyo moja ilifuta yote yaliyotangulia, na kisheria hakuwa na hata mwaka mmoja wa utumishi. Lakini redio hainyamazi, kwa hiyo siku tupu alikuja vilevile, kama mgeni. Wapishi, wafagiaji na watunza bustani nao hivyo hivyo, siku ile ile. Aliyebuni mpango huo alipewa ukumbi wenye jina lake. Viti vyake vinaumiza mgongo.

Mwisho wa mwaka Bi Santuri angestaafu. Aliomba ajira ya kudumu ili aondoke kama mtumishi, siyo kama mgeni. Akajibiwa alete ushahidi.

Saa nne mtangazaji alisogelea kipaza sauti.

"Kipande hiki ni kwa wageni wetu wote wa leo," alisema.

Bi Santuri akashusha sindano juu ya sahani ya muziki. Fidla zikaanza: moja-mbili-tatu, moja-mbili-tatu. Kwenye mbili, viatu vyake vikaachana na sakafu.

Mtangazaji alizima kipaza sauti. "Shoga, unagonga taa."

"Naiona."

"Basi ifute vumbi. Tangu nije hapa haijaguswa."

Nje, wapishi walizunguka juu ya masufuria wakikoroga kwa miiko iliyofungwa kwenye mipini ya fagio. Mtunza bustani wa miaka kumi na miwili alimwinamia mfagiaji wa miaka saba, akamshika kiuno, wakapita madirisha ya maktaba wakicheka mpaka kofia ikaanguka. Maprofesa waliendelea kufundisha. Makamu mkuu wa chuo alisimama uani, imara kama kigingi.

Afisa utumishi alikuja studio na ngazi na futi ya fundi cherehani.

"Shuka, mama."

"Sijui njia."

"Haya. Aliye juu mngoje chini."

"Mwanangu, mimi nyie nimewangoja miaka kumi na tisa. Mbona hamshuki?"

Mtangazaji alikohoa kicheko. Afisa alipima kutoka sakafuni hadi kwenye soli: sentimita mia moja hamsini na mbili. Mtunza bustani alikuwa tisini na sita. Mfagiaji, hamsini na sita. Afisa akapiga hesabu mara tatu. Ilikuwa sentimita mbili kwa kila siku tupu, na siku tupu nne kila mwaka, bila kukosea hata kwa mtu mmoja.

"Miaka kumi na tisa kamili," alisema. "Ushahidi ni safi kabisa."

"Si nilikwambia?" alisema Bi Santuri.

Kamati ilikutana kabla ya chakula cha mchana. Ilikubali vipimo vyote na kumpongeza afisa kwa umakini. Halafu ikaandika kwamba utumishi huhesabiwa kwa mtu aliyefika kazini, na mwombaji, kwa ushahidi wake mwenyewe, hakukanyaga kazini siku hiyo. Ombi limekataliwa. Taa zote za dari zifutwe, kwa kuwa watu wapo.

Bi Santuri alizifuta. Sahani za muziki alizibadilisha kwa kuning'inia kichwa chini, mtangazaji akimshika mikono, na redio haikunyamaza hata sekunde moja. Asubuhi iliyofuata alikuwa ardhini, akasaini mkataba wa sabini na saba.

Siku tupu iliyofuata wafanyakazi waliinuka hewani mapema, tangu getini. Mlinzi alifunga kitabu cha wageni kwenye mpini wa ufagio, kalamu akaining'iniza kwa uzi, akavinyanyua hadi mkononi mwa Bi Santuri, ambaye soli zake sasa zilikuwa sentimita mia moja hamsini na nne kutoka ardhini.

Sababu ya kuja: kazi.